Kitabu Kilichoweza Kukosea

Ipo asubuhi moja, mwanangu, ambayo kumbukumbu yangu haijakubali kuiacha. Ilikuwa asubuhi ya kwanza ya muhula wa pili, katika mwaka mmojawapo wa miaka ya tisini, nilipofungua mlango wa chumba cha sanaa katika shule moja ya wasichana ya Homa Bay na kukuta jua limelala juu ya meza yangu. Nasema limelala kwa kuwa ndivyo lilivyoonekana: ukanda wa mwanga, mwembamba kama rula, ulioingia kwa pembe ya dirisha, ukakikata chungu cha maji katikati, kisha ukaishia sakafuni. Kwa mtu mwingine lingekuwa jua tu. Kwangu lilikuwa jambo lisilowezekana, kwa sababu kitabu nilichokiamini kuliko vyote nilivyokuwa navyo kilikuwa kimenihakikishia kwamba kupitia dirisha lile jua halingeingia hata siku moja.

Umeniuliza, sasa umepewa kazi ya kuijaza maktaba ya shule yako, uchague vitabu gani vya kufundishia sanaa, na vipi vya elimu ya jumla vya kuviweka kando yake. Ningeweza kukupa majina ya vitabu tukaachana. Lakini majina yatachakaa kabla hujazeeka, na swali lako linastahili zaidi ya hayo. Niruhusu basi nikurudishe kwenye ukanda ule wa jua, kwa maana yote ninayoyajua kuhusu kuchagua vitabu yalianzia pale.

Mimi, kama unavyofahamu, ni mzaliwa wa Kegonga. Nilipofika Homa Bay mwezi wa Januari mwaka ule, nikiwa nimetoka chuoni, Kidholuo changu kilikuwa maneno machache ya kusalimia na kushukuru. Nilizungumza na kila mtu kwa Kiswahili, tena Kiswahili cha darasani, kilichonyooka mno kiasi kwamba wauza samaki walikuwa wakiniuliza kama ninasoma taarifa ya habari. Waliniita *nyar Kuria*, yaani binti wa Ukuria, na sikuchukizwa; liliniambia tu kwamba mimi ni mgeni na kwamba ugeni wangu umepokelewa.

Shule ile haikuwa imewahi kufundisha sanaa. Mwalimu mkuu, mama mwenye moyo mpana na fedha kidogo, alikuwa ameishawishi halmashauri ikubali majaribio ya mihula miwili, na akanipa chumba kilichokuwa stoo ya mahindi. Aliyepinga alikuwa mwenyekiti wa wazazi, Bwana Ouma, mwenye kinu cha kusagia nafaka mjini. Hakupinga kwa chuki. Alipinga kwa mzaha, na mzaha ni mgumu zaidi kujibiwa.

"Mwalimu," aliniambia siku tuliyofahamiana, "wasichana wakiona njaa, utawapa mchoro wa ugali?"

Halmashauri ilikubaliana hivi: siku ya wazazi, mwezi wa Julai, wajumbe wangeingia chumbani na kutazama. Wakiona jambo la maana, somo lingeendelea hadi mtihani wa kidato cha nne. Wasipoliona, stoo ingerudishwa kuwa stoo, na wasichana wa kidato cha tatu waliokuwa wamechagua sanaa wangerejea kwenye masomo mengine wakiwa wameachwa nyuma kwa mihula miwili. Mmoja wao, aliyeitwa Atieno, alikuwa ameacha somo la kilimo, alilolipatia alama nzuri, ili aje kwangu. Nilikuwa nikimtazama akichora na kujiuliza kama nimemfanyia wema au nimemharibia maisha.

Vitabu nilivitafuta Migori. Palikuwa na muuza vitabu mmoja huko, Bwana Hamisi, aliyekuwa na desturi nzuri ambayo sijaikuta kwingine: aliziachia shule vitabu vya kuangalia tangu Januari, nazo zikawa na ruhusa ya kuvirudisha hadi katikati ya mwaka, mradi visiwe vimechafuka. Kwake nilichagua kitabu kikubwa cha kufundishia uchoraji, chenye jalada la kitambaa, kilichochapishwa ng'ambo. Kilikuwa kitabu cha mtu makini. Kilieleza jinsi ya kuchonga penseli, jinsi ya kupanga vyombo mezani, umbali wa kukaa kutoka kwa kinachochorwa. Na katika sura ya chumba cha kufanyia kazi kilieleza kwamba madirisha yaelekee kaskazini, kwa sababu jua halipiti upande huo. Mwanga wake hutulia mchana kutwa, na vivuli havihamihami.

Usidhani niliamini bila kupima, mwanangu. Nilipima. Januari yote na Februari yote nilikuwa nikizunguka stoo ile asubuhi, mchana na jioni. Ukuta wa kaskazini, unaotazama ziwa, ulikuwa kivulini siku zote. Ukuta wa kusini ulichomwa na jua. Kitabu kilisema kweli, na macho yangu yakakishuhudia. Kwa hiyo nikaomba, nikakubaliwa, madirisha ya kusini yakazibwa kwa matofali yaliyosalia kwenye ujenzi wa bweni, na yale ya kaskazini yakapanuliwa. Siku zilizosalia za muhula wa kwanza tulichora katika mwanga mtulivu kuliko wowote niliowahi kuuona. Tukafunga shule.

Sasa rudi nami kwenye asubuhi ile ya muhula wa pili. Wasichana walikuwa wameingia nyuma yangu.

"Mwalimu Boke," alisema mmoja, "hili jua limeingia bila kubisha hodi."

"Labda nalo limechagua sanaa," mwingine akasema, na darasa zima likacheka.

Atieno hakucheka. Alikuwa na mchoro wa chungu alioanza mwezi wa tatu na kuuacha nusu. Aliuweka mezani, akakitazama chungu, akautazama mchoro, akakitazama chungu tena.

"Nichore kivuli kipi, mwalimu? Cha mwezi wa tatu au cha leo?"

Nilimwambia angoje, nikijipa moyo kwamba ni ajali ya siku moja. Nikatundika shuka dirishani, chumba kikawa pango. Nikaliondoa. Juma lililofuata ukanda ulikuwa umenenepa. Juma lililofuata tena ulikuwa upana wa kiganja. Habari ikafika mjini, kwa sababu katika Homa Bay ya siku zile habari haikuhitaji simu, na Bwana Ouma akapitia uani kwetu akiwa na vumbi la unga kwenye nyusi.

"Nyar Kuria, nasikia kitabu chako kimegombana na jua. Nani anashinda?"

"Bado wanazungumza, Bwana mwenyekiti."

"Waambie wamalize kabla ya Julai. Nina magunia yanayotafuta kwao."

Nilicheka naye, lakini alipoondoka nilifanya uamuzi wangu. Nilikuwa nimeona kwa Bwana Hamisi rundo la vijitabu vya marudio ya mtihani. Ndani yake mlikuwa na michoro iliyokwisha kutiwa vivuli: bakuli la matunda, kiatu, chungu, mkono. Mwanafunzi alitakiwa kunakili tu hadi mkono uzoee. Shule kadhaa zilikuwa zikivitumia, na michoro ya wanafunzi wao ilikuwa safi, yote sawa kama sare. Niliwaza: nikirudisha kitabu kikubwa, nitaweza kuchukua vijitabu hivyo kwa darasa zima, na Julai kuta zitajaa michoro isiyo na dosari. Hakuna atakayeuliza jua limetokea wapi.

Lakini kitabu hakikuweza kurudishwa bila idhini ya Mama Dorsila. Huyu alikuwa mwalimu wa jiografia aliyestaafu, mjumbe wa halmashauri na mkuu wa kamati ya vitabu ya shule yetu, mama mrefu, mkavu, mwenye kusikiliza huku amefumba macho. Nyumba yake ilikuwa mtelemkoni, barazani pakionekana ziwa lote hadi upande wa pili. Nilimwendea Jumamosi moja mwishoni mwa Mei, kitabu kwapani, na kijitabu kimoja cha marudio nilichoazima kwa mwalimu mwenzangu.

Alinisikiliza hadi mwisho. Kisha akafumbua macho, akasema, "Kwa hiyo kitabu kimesema uongo."

"Ndiyo, Mama."

"Na wewe Januari ulikiona kinasema kweli."

"Ndiyo."

"Hilo ni jambo la ajabu sana, nyathina," alisema, na nikaona uso wake umechangamka kama wa mtu aliyeletewa chakula akipendacho. Aliniita hivyo, mtoto wangu, tangu siku hiyo. "Kitabu kimoja, ukuta mmoja, kweli Januari, uongo Mei. Huna hamu ya kujua ni kwa nini?"

Nilimwambia kwa uaminifu kwamba hamu niliyokuwa nayo ni ya kuokoa somo.

"Nipe nikione."

Sikutarajia alichokifanya. Hakufungua sura ya madirisha. Alifungua ukurasa wa mwanzo kabisa, ule ambao watu huupita, akausoma mahali kitabu kilipochapishwa. Akaingia ndani, akatoka na tufe la dunia lililobonyea upande wa bahari kuu, akalizungusha polepole kwa kidole hadi akaupata mji ule, juu, mbali sana juu. Akauwekea kidole. Kidole cha mkono wa pili akakiweka kwetu, karibu na mstari wa ikweta kiasi kwamba ukucha wake uliufunika.

"Huyu bwana aliandika akiwa amesimama hapa," alisema. "Hapa jua halipiti juu ya kichwa cha mtu hata siku moja, mchana liko kusini mwaka mzima. Sasa sisi je?"

Niliinama kuutazama ukucha wake.

"Kaa ule. Chakula kikiisha tutauliza uani."

Tulikula ugali na samaki. Nilitaka kutoka saa sita ilipogonga, akanizuia, akasema kwetu huku jua hufika juu kabisa karibu na saa saba kasorobo, na kwamba saa ya ukutani hufuata serikali wakati jua hufuata mahali. Ulipofika wakati aliouridhia, tukatoka. Akaniambia nisimame wima na nitazame kivuli changu.

Kilikuwa kifupi, kimejikunja miguuni, nacho kimelipa ziwa mgongo. Kilielekea kusini.

"Januari kilielekea wapi?"

Nilijaribu kukumbuka mizunguko yangu yote kuizunguka stoo. "Ziwani," nilisema. "Januari kilielekea ziwani."

"Basi jua la Januari lilikuwa nyuma ya stoo, na la leo liko mbele yake. Mwishoni mwa Machi lilituvuka vichwani, nasi tukiwa tumeinamia kazi." Akacheka peke yake, akaketi kizingitini. "Na usinitazame hivyo. Jambo hili nililifundisha maisha yangu yote. Niliwachorea watoto ubaoni, nikawaulizia mitihani. Halafu ukaja na ombi la kuziba madirisha ya kusini, na mimi, Dorsila, nikalitia sahihi. Jua la ubaoni na jua la stoo sikuwahi kuyakutanisha."

Sasa, mwanangu, ukumbuke kwamba nilikuwa kijana na nilikuwa na hofu. Nilifurahi kuelewa, lakini nilidhani kuelewa kumeipa nguvu hoja yangu. Nikamwambia: basi ni wazi kitabu hiki hakitufai, nitakirudisha, nichukue vijitabu. Hapo ndipo aliponikemea. Hakupandisha sauti. Alikichukua kile kijitabu cha marudio, akakipekua kutoka mwanzo hadi mwisho, akanirudishia.

"Nionyeshe mahali ambapo hiki kinaweza kukosea."

Nilikifungua. Bakuli la matunda. Kiatu. Chungu. Chini ya kila mchoro agizo la kunakili. Nilitafuta kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda.

"Hakuna, Mama."

"Hakuna. Hakikosei kwa sababu hakisemi kitu. Huwezi kukipeleka uani ukakiuliza. Kile kikubwa kimekuambia jambo lililo wazi na sababu yake, jua halipiti upande huu, ndiyo maana ulipolikuta jua mezani ulijua kuna swali. Kimekufikisha uani kwangu. Kimenitoa mimi usingizini. Kitabu gani kingine kimekufanyia hivyo mwaka huu? Nawe unataka kukirudisha kwa sababu ya kosa ulilolikamata mwenyewe!" Akatikisa kichwa. "Mwandishi hakudanganya. Alisahau tu kusema amesimama wapi. Na sisi tukasahau kumuuliza."

Nilikitia kijitabu kwapani. Nikamuuliza tu, kwa unyonge, nimwambie nini Atieno, aliyeniuliza achore kivuli kipi.

"Aliuliza hivyo?" Mama Dorsila alisimama. "Huyo mtoto ameuliza hivyo, na wewe ukamwambia angoje? Mwambie achore vyote."

Jumatatu yake tukaanza. Kila Jumatatu, saa tatu kamili, Atieno na wenzake walichora kwa chaki sakafuni ukingo wa jua ulipofikia, na wakaandika tarehe kando ya mstari. Kisha wakaketi mahali pale pale na kukichora chungu kile kile na kivuli chake cha siku ile. Mara chache mawingu yalitunyima, tukarudia Jumanne. Kitabu kikubwa kilikuwa mezani muda wote, kwa kuwa mafundisho yake ya kupanga vyombo na kupima umbali kwa penseli yalikuwa sahihi Homa Bay kama kwingineko. Hilo nalo tulilipima. Mwishoni mwa Juni wasichana waliona jambo ambalo nilikuwa nimelisoma kwenye ramani lakini sikuwahi kuliona kwa macho: mistari ya chaki, iliyokuwa ikisonga ndani ya chumba juma baada ya juma, ilibanana, ikasimama. Na mwanzoni mwa Julai mstari mpya ukaangukia nyuma ya mwenzake.

"Limegeuka!" alipiga kelele yule aliyesema jua limechagua sanaa. Nusu ya kidato cha pili walikuja dirishani kutazama chaki.

Katikati ya mambo hayo, Mama Dorsila na mimi tulikwenda Migori, tukibadilisha gari Rongo, kumalizana na Bwana Hamisi. Nataka uione safari hiyo, kwa kuwa hapo ndipo nilipoona jinsi yule mama alivyokuwa akichagua vitabu. Alisimama katikati ya duka, akachukua kitabu, akakifungua mahali popote isipokuwa mwanzo, akasoma ukurasa mmoja mzima akiwa amesimama, akakifunga. Kisha akatazama nje ya mlango. Akakirudisha. Akachukua kingine.

"Mama Dorsila," alisema Bwana Hamisi, "hili ni duka, si maktaba. Ukivimaliza vyote utanunua nini?"

"Ninajiuliza kama kimenipa hamu ya kwenda kuangalia kitu. Hiki hakijanipa."

"Hicho? Hicho kina rangi mpaka kwenye jalada la nyuma! Shule zote zinakichukua."

"Ndiyo maana zote zinachora nyumba yenye moshi unaotoka kwenye bomba la paa. Umewahi kuona nyumba ya hivyo Migori?"

"Mimi nauza, Mama, sijengi."

Walitaniana hivyo hadi adhuhuri. Vile vijitabu vya marudio tuliviacha. Kitabu kikubwa tulikichukua kabisa. Tulikiongezea kitabu chembamba cha jiografia kilichoeleza majira na jua, chenye maelekezo ya kupima vivuli kwa kijiti. Kitabu cha mfinyanzi fulani, kisicho na rangi hata moja, kilichosema udongo wa aina gani hupasuka ukikauka na kwa nini. Na kingine cha mimea, chenye majani yaliyochorwa kwa wino kwa uangalifu hadi mshipa wa mwisho. Niliuliza kwa nini tuchukue jiografia na mimea kwa darasa la sanaa. Akanijibu kwamba jua halikujua kuwa limeingia katika somo lisilo lake.

Tukiwa mlangoni alirudi ndani, akatoka na albamu ya picha za nguo zilizofumwa, nguo za nchi za mbali, nzuri za kutia wivu. Nilimuuliza hiki kimempa hamu ya kuangalia nini.

"Hiki nimekipenda tu," alisema, akakifunika kwa leso. "Usiniulize kila kitu."

Julai ikafika. Wajumbe wa halmashauri waliingia chumbani wakiwa wameshiba na wamechoka, mwalimu mkuu mbele, Bwana Ouma nyuma, Mama Dorsila katikati yao. Michoro ya chungu ilikuwa imetundikwa kwa safu ukutani. Walipita wakisema vizuri, vizuri, kwa sauti ile ambayo mtu huitumia akiwa anawaza njia ya kurudi nyumbani. Niliona stoo inarudi. Kwa jicho la haraka chungu ni chungu, na sisi tulikuwa tumechora kimoja tu kwa muhula mzima.

Bwana Ouma alisimama katikati ya chumba, akizungusha macho darini na pembeni. Nilijua anapima magunia. Akapiga hatua kuelekea dirishani.

"Bwana mwenyekiti," alisema Atieno kwa heshima zote, "tafadhali usikanyage Juni."

Alisimama mguu mmoja ukiwa hewani. "Nisikanyage nini?"

"Juni. Iko chini ya kiatu chako."

Watu walicheka. Yeye aliurudisha mguu nyuma, akatazama sakafu, na kwa mara ya kwanza akaiona ile mistari. "Hii chaki ni ya nini?"

Atieno alimweleza. Alichuchumaa akamwonyesha kwa kidole: Mei imeanzia hapa, ikaingia ndani, ikaingia, ikaingia, hapa Juni imekwama, na hapa, Julai, inarudi. Kisha akampeleka ukutani, akamwonyesha kivuli cha chungu kikirefuka na kufupika kwa kufuatana na mistari hiyo. Bwana Ouma aliirudia safu ya michoro peke yake, kutoka wa kwanza hadi wa mwisho, na kutoka wa mwisho hadi wa kwanza.

"Kweli inarudi," alisema. "Na ikirudi itafika wapi?"

"Tunadhani mwezi wa tisa itatoka kwa dirisha hili kabisa. Halafu Oktoba jua lianze kuingia upande ule."

"Mnadhani?"

"Hatujaona bado, Bwana mwenyekiti. Tumesoma tu."

Jibu hilo, mwanangu, sikumfundisha. Mpaka leo nalihesabu kuwa jibu bora nililolisikia katika maisha yangu ya ualimu.

Bwana Ouma alivuka chumba, akizunguka chaki safari hii, hadi kwenye ukuta wa kusini. Akagonga matofali kwa kifundo cha kidole. "Litaingiaje upande huu na mmeziba?"

Ombi la kuziba lilikuwa langu. Nilihisi uso wangu unapata moto.

"Ouma," alisema Mama Dorsila, "nilikufundisha habari hii ukiwa kidato cha pili. Ulikuwa umelala."

"Japuonj," alijibu, akitumia neno la Kidholuo la mwalimu, na ghafla akawa mvulana, "hukuniambia kwamba naweza kuliona kwa stoo." Akagonga tena matofali. "Nitaleta fundi wangu Agosti, watoto wakiwa likizo. Atoe haya, aweke mbao za kufungua na kufunga. Nataka kuona hiyo Oktoba."

"Na magunia?" mwalimu mkuu aliuliza taratibu.

"Magunia yatakaa kwa kinu. Mama, unataka niweke mahindi juu ya Juni ya watoto?"

Alikuja Oktoba. Alikuja Desemba pia, shule ikiwa imefungwa, akamwomba mlinzi ufunguo. Habari ya stoo haikutajwa tena katika kikao chochote, na mwaka uliofuata Atieno alifanya mtihani wa sanaa katika chumba kile, ambacho mbao zake za kusini zilifunguliwa na kufungwa kulingana na majira.

Hayo ndiyo niliyonayo, mwanangu, nawe chukua nasaha yake sasa bila kificho. Unapokishika kitabu, cha sanaa au cha elimu nyingine yoyote, soma kwanza alikosimama aliyekiandika; hakuna aliyewahi kuandika bila kusimama mahali. Mahali pake pasipokuwa pako, usikitupe, bali liandike jambo hilo kwa penseli kwenye ukurasa wa mwanzo ili atakayekuja baada yako ajue. Pendelea kitabu kinachosema jambo la wazi kiasi cha kuweza kupimwa uani, hata kama siku moja utakikuta kimekosea, kuliko kile kisichoweza kukosea kwa sababu hakikuthubutu kusema neno. Usiviwekee vitabu ukuta kati ya somo na somo. Mtoto anayejifunza kuchora kivuli anahitaji kitabu cha jua. Na ukishaamini kitabu kwa kuwa macho yako yamekishuhudia, jiulize umetazama katika majira mangapi. Mimi nilitazama Januari na Februari nikadhani nimeutazama mwaka.

Kisha, katika kila rundo utakalolileta shuleni, acha nafasi ya kitabu kimoja ulichokipenda tu, na yeyote asikuulize sababu.

Mungu akupe macho yasiyochoka kuuliza, na akupe wanafunzi watakaokuuliza yale uliyosahau. Akujalie rafiki mzee wa kukukemea ungali kijana, na vitabu utakavyovichagua vifunguliwe na mikono mingi hadi majalada yake yalegee. Uende salama, mwanangu, na kazi yako iwe na mwanga.